Mkono wa kurusha mpira na cheti cha kuzaliwa

UKISHUKA Kyebando jioni, upande wa Baipasi ya Kaskazini, utawakuta vijana wakikimbizana na mpira wa miguu hadi giza liingie. Mmoja hachezi nao. Husimama hatua kama ishirini hivi kutoka ukuta wa nyumba ambayo haijaezekwa, akaurushia mpira mdogo mweupe uliokwisha chanika mishono. Ameuchora ukuta kwa mkaa mraba wa ukubwa wa kifua cha mtu. Katika kila mara kumi, mara saba au nane mpira hugonga ndani ya mraba ule.

Ni mwanafunzi wangu. Mwaka jana aliniambia, "Mwalimu, mimi nataka kuwa mrushaji." Nilidhani anasema mkuki. Kumbe besiboli.

Sisi tuliosomea Kenya, dada zetu walicheza kati, nasi tukajipenyeza. Nilipohamia Kampala nikakuta watoto wanauita mchezo ule ule kwepena: wawili wanarusha, mmoja katikati anakwepa. Kwa hiyo mkono wa kurusha hapa si mgeni. Kigeni ni kwamba kuna watu wanaolipwa mshahara kwa kazi hiyo.

Mrushaji wa besiboli husimama juu ya kijilima cha udongo, mita 18.44 kutoka kwenye kibao, na kumrushia mwenzake aliyechuchumaa. Baina yao amesimama mpinzani mwenye gongo. Mpira una uzito wa gramu 145 hivi, na ukienda kilomita 150 kwa saa hufika kabla nusu sekunde haijaisha. Mpigaji akikosa mara tatu ametoka. Mrushaji akitupa nje mara nne bila mpigaji kushawishika, mpinzani anatembea bure hadi kituo cha kwanza. Ndiyo maana mraba wa mkaa ukutani ni muhimu kuliko nguvu peke yake.

Je, Mganda anaweza kuishi kwa kazi hii? Mwaka 2022 klabu ya Los Angeles Dodgers iliwasaini vijana wawili wa Uganda, Ben Serunkuma na Umar Male. Mwaka uliofuata Pittsburgh Pirates wakamchukua David Matoma, mrushaji wa mkono wa kulia, ambaye mpira wake hupita kilomita 150 kwa saa. Mwaka 2024 alikuwa akiichezea timu ya Bradenton, Florida, katika ligi za ngazi ya chini. Januari 2025 Dodgers wakamsaini Joseph Deng, mrushaji mrefu kutoka Sudan Kusini. Waafrika waliokwisha fika ngazi ya juu kabisa ni wachache mno: Gift Ngoepe wa Afrika Kusini alikuwa wa kwanza, Aprili 2017, akiwa na Pirates hao hao. Mrushaji wa kwanza aliyezaliwa Afrika, Tayler Scott, pia wa Afrika Kusini, alifika mwaka 2019, miaka minane baada ya klabu ya kwanza kumchagua.

Wafanyabiashara wataniuliza hesabu. Kwa mkataba uliofikiwa mwaka 2023, mchezaji aliye kwenye kambi za mwanzo hupata angalau dola 19,800 kwa mwaka, na ngazi inayofuata dola 26,200. Kwa Marekani huo si utajiri. Juu kabisa, kiwango cha chini mwaka huo kilikuwa dola 720,000. Pengo hilo ndilo linalowamaliza vijana, maana wengi huishia katikati ya ngazi. Wengine humalizwa na kiwiko. Katika ligi za watoto wa miaka 11 na 12 sheria huzuia kurusha zaidi ya mipira 85 kwa siku, na wangu nimeshamhesabia 120 ukutani pale. Nilimnyang'anya mpira. Alininunia siku mbili.

Lakini kinachonisumbua ni karatasi, si kiwiko.

Mwaka 2011 watoto wa Kampala waliwashinda Saudia huko Kutno, Poland, wakapata nafasi ya kwenda mashindano ya dunia ya watoto ya besiboli huko Pennsylvania. Hawakwenda. Marekani iliwanyima viza kwa sababu maelezo ya umri na kuzaliwa hayakulingana. Saudia ndio waliokwenda. Januari 2012 watoto wa Langley, Kanada, waliokuwa wacheze nao, walifunga safari hadi Uganda ili mechi ile ichezwe, na Waganda wakashinda 2-1. Agosti mwaka huo timu ya Lugazi ikawa ya kwanza kutoka Afrika kufika Pennsylvania, ikaifunga Oregon 3-2. Mwaka 2015 timu nyingine ya Uganda iliishinda Jamhuri ya Dominika 4-1, nchi inayozalisha warushaji kama sisi tunavyozalisha ndizi.

Klabu za Marekani hazimsaini kijana wa nje aliye chini ya miaka 16, na kabla ya kumsaini humchunguza umri. Mwanafunzi wangu ana tarehe mbili. Shule yake ya kwanza iliandika 2010, ya pili ikaandika 2011. Mama yake hupeleka mayai Busia kila wiki, na alimzaa mtoto huyu upande wa Kenya, nyumbani kwa nyanya yake. Kadi ya kliniki ililoa mvua.

"Mwalimu, si uandike tu ile inayomfaa?" aliniuliza.

Nilimweleza habari yangu. Nilizaliwa siku chache baada ya uchaguzi wa Desemba 1980, nikavuka mpaka mgongoni mwa mama. Karani aliyetuandikisha ukimbizini alituandika watoto wote wa foleni ile tarehe mosi Januari 1982. Waliorudi wanawajua watu wa tarehe mosi Januari, tuko wengi. Miaka yote nimeeleza kwenye madirisha ya ofisi kwa nini kadi ya ubatizo inasema hivi na kitambulisho kinasema vile. Kazi moja niliikosa kwa sababu hiyo.

"Basi nifanyeje?"

Nilimwambia aanzie kwa chifu msaidizi wa kule alikojifungulia, kwa maana mtoto aliyezaliwa nyumbani Kenya huandikishwa kupitia kwake, na kwamba nyanya akiwa hai ni shahidi. Alicheka. Miaka yote amepita karibu na ofisi ile na trei zake za mayai, hajawahi kuingia.

Tarehe ya kweli, kwa hesabu ya nyanya, huenda ni ile ya 2010, na mama ameitambua maana yake: kijana ni mkubwa kwa mwaka mmoja kuliko anavyotamani kuonekana. Hata hivyo Jumatatu ataondoka na basi la saa kumi na moja alfajiri. Kijana ameomba arudishiwe mpira wake. Nimempa, mara 50 kwa siku, nami nahesabu.