Mizani ya hasira

Wajukuu zangu, sogeeni hapa. Dukani mmeona sukari ikipimwa kwa mizani. Zahanati mmewekewa kipimajoto kwapani. Sasa niambieni, hasira ya mtu hupimwa kwa nini?

Ngoja kwanza tuingie darasani. Watoto wanne wamenyang'anywa penseli. Juma anakunja ngumi na kupiga. Zuhura hapigi, ila maneno yanayomtoka yanachoma. Mosi amenyamaza, lakini moyo unamdunda na machozi ya hasira yanamlenga. Bahati anatabasamu, kumbe moyoni ameshaamua kuwa darasa zima linamchukia. Nani mkali kati yao?

Mwaka 1992 wanasaikolojia wawili wa Marekani, Arnold Buss na Mark Perry, walitoa dodoso la kupima mambo hayo. Lina sentensi 29: 9 zinahusu ngumi, 5 ulimi, 7 hasira yenyewe, na 8 kinyongo. Unasoma sentensi, unajiuliza, "Hivi ndivyo nilivyo?" Kisha unachagua namba, kuanzia 1, yaani sivyo kabisa, hadi 5, yaani ndivyo hasa. Mwishoni namba zinajumlishwa, kila fungu peke yake.

Kwa nini isitoshe kuzijumlisha zote pamoja? Sikilizeni. Waliwapa wanafunzi wa chuo 1,253 wajibu. Kwenye ngumi, wavulana waliwazidi wasichana kwa mbali. Kwenye hasira yenyewe, hawakupitana. Mafungu yangechanganywa, tungedhani wasichana hawakasiriki. Kumbe moto ni uleule, unapotokea ndipo panapotofautiana.

Ila mizani hii ina udhaifu wake. Mizani ya dukani haiiulizi sukari ina uzito gani. Hii humwuliza mtu mwenyewe. Akidanganya, namba nayo inadanganya. Ndiyo maana mtaalamu mwangalifu huwauliza pia wazazi na walimu, na humtazama mtoto anavyoishi na wenzake. Wala namba kubwa haimfanyi mtoto kuwa mbaya. Inaonyesha tu mahali anapohitaji msaada.

Basi, siku mkiudhiwa, jiulizeni: hasira yangu iko kwenye ngumi, kwenye ulimi, kifuani, au imejificha kuwa kinyongo? Ukishaijua ilipo, mwendee mtu mzima unayemwamini umweleze. Msimsahau Mosi, na msimsahau Bahati. Hawakumpiga mtu, lakini nao wanaumia.