Ubaguzi wa Rangi Katika Tamthilia za Enzi ya Shakespeare: Msemaji ni Nani?

Utangulizi

Mwaka mmoja nilikuwa nikisoma Mabepari wa Venisi pamoja na wanafunzi wa kidato cha tatu. Hii ni tafsiri ya Mwalimu Julius Nyerere ya The Merchant of Venice, tamthilia ya William Shakespeare, na ilichapishwa mwaka wa 1969. Hakikuwa kitabu teule. Nilikichagua ili tujizoeze uhakiki. Nilikuwa nimemsifu Portia kwa werevu na utu wake, ndipo msichana mmoja akainua mkono kutoka nyuma ya darasa.

"Mwalimu, huyu Portia amefurahi Mwanamfalme wa Moroko alipokosea kisanduku. Ametamani wenye rangi ya namna ile wote washindwe. Rangi hiyo si ndiyo yetu? Sasa utu wake uko wapi?"

Nilimjibu upesi kwamba hayo yalikuwa mawazo ya watu wa kale, kisha nikafungua ukurasa uliofuata. Jibu hilo halikumridhisha. Hata mimi halikuniridhisha. Makala haya ni jaribio la kumpa jibu alilostahili.

Kila mtahiniwa wa fasihi anajua hoja nne anazopewa alama anapoeleza muktadha wa dondoo: msemaji ni nani, anamwambia nani, wako wapi, na ni jambo gani limesababisha maneno hayo. Wengi huzikariri hoja hizi kwa ajili ya mtihani tu. Nitaonyesha kwamba hizo ndizo ufunguo wa kusoma ubaguzi katika tamthilia. Asiyezitumia hutumbukia katika mojawapo ya mashimo mawili: ama atadhani kila tusi la mhusika ni la mwandishi, ama atamtetea mwandishi hata pale asipostahili kutetewa.

Usuli wa Tamthilia Hizi

Tunazungumzia hasa kipindi cha kati ya miaka ya 1580 na 1642, mwaka ambao majumba ya maigizo ya London yalifungwa. Wakati huo Uingereza haikuwa bado na himaya kubwa, ingawa John Hawkins alikuwa ameanza safari za kununua na kuteka Waafrika na kuwauza ng'ambo katika miaka ya 1560.

Watu weusi hawakuwa wageni kabisa nchini humo. John Blanke, mpiga tarumbeta mweusi, alilipwa mshahara katika jumba la mfalme na picha yake imo katika mchoro wa sherehe za mwaka wa 1511. Daftari za makanisa zinaonyesha Waafrika waliobatizwa na kuzikwa London. Mwaka wa 1596 Malkia Elizabeth wa Kwanza alitoa barua za kutaka baadhi ya watu weusi waondolewe nchini. Miaka minne baadaye, mwaka wa 1600, malkia huyo huyo alimpokea kwa heshima Abd el-Ouahed ben Messaoud, balozi wa mfalme wa Moroko, kwa kuwa alihitaji biashara na msaada dhidi ya Uhispania. Mweusi asiye na cheo alionekana mzigo. Mgeni wa Afrika mwenye dola nyuma yake alikaribishwa mezani. Hali hii tutaikuta tena katika Othello.

Ikumbukwe pia kwamba neno walilolitumia Waingereza, ambalo hapa nitaliandika Mmori, halikuwa na mpaka mmoja. Lilimaanisha mtu wa Afrika Kaskazini, au Mwislamu, au mtu mweusi wa mahali popote. Rangi, dini na asili zilichanganywa katika chungu kimoja. Kwa hivyo mhakiki asitafute ubaguzi wa ngozi peke yake. Wayahudi walikuwa wamefukuzwa Uingereza mwaka wa 1290, na hawakuruhusiwa kurudi kuishi wazi hadi miaka ya 1650. Wengi waliomcheka Shylock jukwaani hawakuwahi kuishi na jirani aliyekiri Uyahudi wake.

(a) Titus Andronicus: Inzi Mweusi

Tamthilia hii ni ya mwanzoni mwa miaka ya 1590. Aaron, Mmori, amesawiriwa kama mwovu asiyejuta. Anapanga mauaji na kujivunia. Ukiishia hapo, utasema kwamba mwandishi amelinganisha weusi na ushetani, na hutakuwa umekosea sana.

Hata hivyo, tazama matukio mawili. Kwanza, Marcus anamuua inzi mezani. Nduguye Titus, ambaye ni mzee aliyejaa majonzi, anamkemea kwa kuangamiza kiumbe asiye na hatia. Marcus anajitetea kuwa inzi huyo alikuwa mweusi, akafanana na Aaron. Papo hapo huruma ya Titus inageuka ghadhabu naye anaanza kumkatakata inzi aliyekwisha kufa. Inzi hakubadilika, kilichobadilika ni jina alilopewa. Ni vigumu kupata taswira fupi zaidi ya jinsi ubaguzi unavyofanya kazi.

Pili, Malkia Tamora anajifungua mtoto mweusi, na yaya anamletea Aaron maagizo kwamba amuue ili siri isifichuke. Aaron anakataa. Anauliza kwa hasira kama rangi nyeusi kweli ni mbaya, na kuisifu kuwa haikubali kupakwa rangi nyingine juu yake. Kisha, kwa kinaya kikubwa, anamuua yaya ili kuficha siri. Hivyo mwovu wa tamthilia ndiye mzazi anayemwokoa mwanawe, ilhali Titus, shujaa wa Roma, amemuua mwanawe mwenyewe katika sehemu ya kwanza. Warumi na Wagothi wanatenda unyama kila ukurasa, lakini ni maovu ya Aaron peke yake yanayoelezwa kwa ngozi yake. Mtahiniwa anayeliona hili ameona zaidi ya sifa za mhusika.

(b) Mabepari wa Venisi: Maneno ya Mbele ya Mtu na ya Kisogoni

Turudi kwa Portia. Kabla Mwanamfalme wa Moroko hajafika, Portia anamwambia Nerissa kwamba hata akiwa na tabia ya mtakatifu, rangi yake itamkosesha ndoa. Mgeni anapoingia, jambo la kwanza analoomba ni kutochukiwa kwa sababu ya ngozi yake. Portia anamhakikishia kwa adabu kuwa ana nafasi sawa na wachumba wengine. Anapochagua kisanduku cha dhahabu na kushindwa, Portia anashukuru kwamba ameondoka.

Hapa hoja ya msemewa ndiyo inayofichua kila kitu. Mbele ya mgeni tunasikia heshima. Kisogoni tunasikia dharau. Je, tamthilia inamkosoa Portia kwa unafiki huu? Haimkosoi. Hakuna mhusika anayempinga, na hadhira inaalikwa kufurahi pamoja naye. Hapa mwalimu asijifanye wakili wa Shakespeare. Vivyo hivyo, katika sehemu ya tatu tunasikia mzaha kuhusu mwanamke Mmori aliyepachikwa mimba na mtumishi Lancelot. Mwanamke huyo hana jina, hana neno, wala hatokei jukwaani. Mzaha unapita na mambo yanaendelea. Mhakiki hana budi kumwona huyu asiyeonekana.

Lakini katika tamthilia hiyo hiyo, Shylock anasimama mahakamani na kuwakumbusha wakuu wa Venisi kwamba wao wenyewe wana watumwa waliowanunua, na wanawatumikisha kama wanyama. Hakuna anayemjibu hoja hiyo. Baadaye analazimishwa kuacha dini yake, na jambo hilo linaitwa huruma. Hiki ni kinaya ambacho mtahiniwa hafai kukiruka.

Neno moja kuhusu tafsiri. Kichwa cha Kiingereza kinamtaja mfanyabiashara mmoja. Nyerere aliandika "mabepari", kwa wingi, miaka miwili baada ya Azimio la Arusha la 1967. Kichwa hicho kinatuelekeza kwenye mali na unyonyaji, na kinamweka Antonio katika kapu moja na Shylock. Ni usomaji wenye nguvu. Hatari yake ni kwamba mwanafunzi anaweza kuandika kurasa tatu kuhusu ubepari akasahau kuwa Shylock alitemewa mate kwa Uyahudi wake pia.

(c) Othello: Sauti Tatu

Othello iliigizwa katika jumba la mfalme tarehe 1 Novemba 1604. Shakespeare alikitoa kisa katika hadithi ya Giraldi Cinzio wa Italia, iliyochapishwa mwaka wa 1565. Katika hadithi hiyo Mmori hakupewa jina. Shakespeare alimpa, kisha akachelewesha kulitamka. Katika onyesho la kwanza Othello anasimangwa kwa rangi na midomo yake, anaitwa Mmori tu, na hadhira inajenga picha ya mtu kabla ya kumwona. Jina lake linatamkwa mara ya kwanza katika onyesho la tatu, na Mtawala wa Venisi. Tutumie hoja zetu nne kwa wasemaji watatu.

Wa kwanza ni Iago. Mahali ni nje ya nyumba ya Brabantio, usiku. Msemewa ni baba ambaye bintiye, Desdemona, ameolewa kwa siri. Iago anatumia jazanda za wanyama: kondoo dume mweusi, farasi wa Afrika Kaskazini. Sababu? Othello amempa Cassio cheo ambacho Iago alikitamani. Iago anatafuta kulipiza kisasi, na matusi ya rangi ni silaha aliyoikuta tayari imenolewa katika jamii. Ushahidi ni Brabantio mwenyewe. Alikuwa akimwalika Othello nyumbani na kusikiliza masimulizi yake ya vita. Alimpenda akiwa mgeni. Akiwa mkwe, anamshtaki kwa uchawi.

Wa pili ni Mtawala. Mahali ni barazani, na Waturuki wanakaribia kisiwa cha Saiprasi. Venisi inamhitaji jemadari. Mtawala anamtuliza Brabantio kwa kusema kuwa mkwewe, kwa wema wake, ni mweupe kuliko alivyo mweusi. Wanafunzi wengi huandika kuwa hii ni sifa. Ni sifa yenye mwiba: ili Othello aitwe mwema, sharti weusi wake uondolewe kwanza. Aidha, tunajiuliza kama hukumu ingekuwa ile ile Waturuki wasingekuwa baharini.

Wa tatu ni Othello mwenyewe, katika sehemu ya tatu. Iago amemdokezea kuwa Desdemona aliwakataa wachumba wa nchi yake, wa rangi yake na wa tabaka lake, na kwamba jambo hilo si la kawaida. Kisha anaondoka. Kwa mbinu ya uzungumzi nafsi, Othello anatafuta sababu ya kusalitiwa, na ya kwanza inayomjia ni kwamba yeye ni mweusi. Msemaji ni yeye. Msemewa ni yeye. Hakuna tena anayehitaji kumtukana. Punde si punde anatumia uso wake mwenyewe kama tashbihi ya kitu kilichochafuka.

Hiki ndicho kilele cha maudhui yetu. Majibu mengi ya wanafunzi husema kuwa Othello alimuua mkewe kwa sababu ya wivu, na wengine huongeza kuwa wivu ni tabia ya watu wa asili yake. Jibu la namna hiyo linamrudia Iago neno kwa neno. Othello anaanza akiwa mtulivu kuliko wote jukwaani. Anaangamia anapokubali maelezo ya adui kumhusu. Hata hivyo dhambi ni yake. Desdemona hana hatia, na anamuua kwa mikono yake. Kubaguliwa kunaeleza anguko lake bila kumwondolea lawama.

Tena, tusimtwike Iago mzigo wote. Emilia, mwanamke mkweli anayefichua njama ya mumewe na kulipa kwa uhai wake, anapogundua mauaji anamwita Othello shetani mweusi. Hasira yake ni ya haki; neno lililo karibu na ulimi wake ni lile la jamii yake.

Suala la Jukwaa

Tamthilia huandikwa ili iigizwe. Othello wa kwanza alikuwa Richard Burbage, Mwingereza mweupe aliyepakwa rangi, na Desdemona aliigizwa na mvulana. Januari 1605, katika The Masque of Blackness ya Ben Jonson, Malkia Anne na mabibi wa jumba la mfalme walijipaka weusi wakaigiza mabinti wa mto Niger wanaotafuta nchi ambako jua litawafanya weupe. Nchi hiyo ilikuwa Uingereza. Weusi ulikuwa vazi la kuvaliwa na kuvuliwa.

Ilichukua zaidi ya miaka mia mbili kabla Ira Aldridge, Mmarekani mweusi, kuigiza Othello jijini London mwaka wa 1825. Paul Robeson alifuata mwaka wa 1930, na mwaka wa 1943 aliiigiza sehemu hiyo Broadway, New York. Maneno ya Iago hayasikiki sawa anapoambiwa mtu ambaye rangi yake haitoki kwa maji.

Hitimisho

Leo ningemjibu yule mwanafunzi hivi: umeona sawasawa. Portia ni mwerevu na ni mbaguzi. Sifa moja haifuti nyingine. Mwandishi aliyempa maneno hayo bila kumkosoa ndiye aliyetupa inzi wa Titus na upweke wa Othello. Usimwogope na usimsujudie. Kila unapokutana na tusi, muulize msemaji: wewe ni nani, unamwambia nani, uko wapi, na unataka kupata nini? Na usikiapo sauti hiyo ikitoka ndani yako mwenyewe, iulize maswali hayo hayo.

Maswali ya Marudio

1. "Iago hakuuanzisha ubaguzi, aliutumia." Jadili kauli hii ukirejelea tamthilia ya Othello.
2. Eleza jinsi kinaya kinavyotumiwa kuusawiri ubaguzi katika Mabepari wa Venisi.
3. Linganisha Aaron na Othello kama wahusika waliobaguliwa. Ni yupi anayeyakubali maneno ya wabaguzi, na matokeo yake ni yapi?
4. Chagua tamthilia yoyote ya Kiswahili uliyoisoma. Tambua mhusika anayedharauliwa kwa asili, jinsia au tabaka lake, na uonyeshe ni nani ananufaika na dharau hiyo.