Chai, Kahawa na Deni la Usingizi

Kama una kikombe cha chai mkononi wakati huu, usikiweke chini. Endelea kunywa polepole, kwa sababu leo tunazungumza juu ya hicho kikombe chenyewe.

Hebu tuanze na nyumba moja ambayo huenda inafanana na yako. Ni msimu wa mitihani. Kijana yuko kidato cha nne. Saa nne usiku mama anamwachia mezani chupa ya chai iliyokolea majani, kisha anaenda kulala. Saa sita usiku kijana anatoa mkobani kile kinywaji cha kuongeza nguvu alichonunua dukani, anakimaliza. Anajilaza saa kumi alfajiri na kuamka saa kumi na mbili. Asubuhi anakaa mbele ya karatasi ya hesabu. Mikono inatetemeka, moyo unamdunda, na ile kanuni aliyoisoma saa nane usiku haimjii kabisa.

Mama huyu hakuwa na nia mbaya. Alitaka kumsaidia mwanawe. Lakini je, alimsaidia? Ili tupate jibu, ni lazima kwanza tujue kilichomo kikombeni.

KAFEINI NI NINI?

Ndani ya majani ya chai, buni za kahawa na kakao kuna kitu kinachoitwa kafeini. Kafeini pia hutiwa kwenye soda nyeusi za kola, kwenye vinywaji vya kuongeza nguvu, na hata katika baadhi ya tembe za maumivu ya kichwa.

Kafeini hupimwa kwa miligramu. Kikombe cha kawaida cha chai ya majani kina takriban miligramu 50, na ukiongeza majani au ukiichemsha kwa muda mrefu, huzidi hapo. Kikombe cha kahawa ya unga ya kukoroga kina miligramu 60 hadi 80. Kahawa iliyopikwa kwa buni zilizosagwa huweza kufika 100. Soda ya kola ya mililita 300 ina takriban 30. Vinywaji vingi vya kuongeza nguvu vina takriban miligramu 30 katika kila mililita 100, kwa hivyo chupa ya nusu lita huwa na 150 hivi. Hiyo ni sawa na vikombe vitatu vya chai, na kijana anaweza kuimaliza kwa dakika tano.

INAFANYAJE KAZI?

Tangu unapoamka asubuhi, ubongo wako hukusanya kitu kiitwacho adenosini. Kadiri unavyofanya kazi, ndivyo adenosini inavyoongezeka. Kazi yake ni kuuambia ubongo, "Umechoka sasa, kapumzike." Ubongo una viti maalum ambapo adenosini hukaa ili itoe habari hiyo.

Kafeini inafanana sana na adenosini. Ukinywa chai au kahawa, baada ya nusu saa hadi saa moja kafeini huwa imejaa katika damu na kufika ubongoni. Hapo inafanya kama mgeni asiye na adabu, anayekalia kiti cha mwenye nyumba. Adenosini inafika na kukosa pa kukaa. Habari ya uchovu haitolewi, nawe unajiona uko macho.

Lakini sikiliza vizuri, mama. Uchovu haukuondoka. Umesimama nje ya mlango, na unazidi kuongezeka. Kafeini ikitoka, uchovu wote unaingia kwa pamoja. Ndiyo maana baada ya kukesha kwa kahawa mtu huanguka ghafla kama gunia.

Kwa maneno mengine, kafeini haikupi nguvu mpya. Inakukopesha. Na wahenga walisema, dawa ya deni ni kulipa. Deni hili hulipwa kwa usingizi.

FAIDA ZAKE

Hatusemi kwamba chai ni adui. Kafeini kwa kiasi humsaidia mtu mzima kuwa macho, kuwa mwepesi wa kujibu na kutosinzia kazini. Mwuguzi wa zamu ya usiku, dereva wa safari ndefu, au wewe unayekesha kando ya mgonjwa na inakubidi upime dawa saa tisa usiku, kikombe kimoja kinaweza kukufaa.

Hata mwili hupata msaada. Kafeini humfanya mtu asihisi uchovu mapema, na wanariadha wa mbio ndefu hukimbia vizuri zaidi kidogo wakiitumia. Kwa sababu hiyo michezo ya kimataifa iliwahi kuiwekea kikomo, mpaka ilipoondolewa katika orodha ya dawa zilizokatazwa mwaka 2004. Lakini mwanariadha huyo amekula, amelala na amefanya mazoezi. Kafeini haikumjengea misuli. Vivyo hivyo, mama anayetoka shambani na tumbo tupu hawezi kufanya chai ya rangi kuwa chakula chake cha mchana. Chai itamfanya asisikie uchovu, lakini mwili utabaki na njaa.

Kwa mtu mzima mwenye afya, kiasi kisichozidi miligramu 400 kwa siku kwa kawaida hakina madhara. Hata hivyo, ukikesha usiku mmoja, wa pili, wa tatu, faida ya kafeini hupungua siku kwa siku. Deni limekuwa kubwa kuliko mkopo.

KWA NINI KIJANA ALISAHAU?

Sasa turudi kwa yule mtahiniwa wetu. Kafeini hukawia mwilini. Kwa mtu mzima, huchukua takriban saa tano ili nusu yake tu iondoke. Tuseme umekunywa miligramu 100 saa kumi jioni. Saa tatu usiku bado una 50. Saa nane usiku, bado una 25. Uchunguzi uliochapishwa Marekani mwaka 2013 ulionyesha kwamba miligramu 400 za kafeini, hata zikinywewa saa sita kabla ya kulala, ziliwapunguzia watu usingizi kwa zaidi ya saa moja.

Na usingizi si kupoteza wakati. Ukiwa umelala, ubongo hupanga yale uliyojifunza mchana na kuyahifadhi, kama mama anavyopanga nguo kabatini baada ya kufua. Kijana asiyelala ameacha nguo zote kitandani. Asubuhi anatafuta shati na halioni. Kafeini ilimweka macho, lakini haikumwekea kumbukumbu. Ikizidi, huleta pia wasiwasi, kutetemeka na moyo kwenda mbio, mambo ambayo mtahiniwa hayahitaji hata kidogo.

Kijana wa sekondari anahitaji kulala saa nane hadi kumi. Mtoto wa shule ya msingi anahitaji saa tisa hadi kumi na mbili.

WATOTO WADOGO NA CHAI

Mama mmoja aliwahi kutuuliza, "Mtoto wangu wa miaka mitatu hali chochote asubuhi bila chai. Je, ni vibaya?"

Mama, mwili wa mtoto ni mdogo, kwa hivyo kikombe kile kile kwake ni kikubwa zaidi. Wataalamu wa Ulaya, mwaka 2015, walitaja kiasi cha miligramu 3 kwa kila kilo ya uzito kuwa kisichotia wasiwasi kwa watoto. Mtoto wa kilo 12 basi angefikia kikomo kwa miligramu 36, na kikombe kimoja kamili cha chai tayari kimepita hapo. Na vinywaji vya kuongeza nguvu, madaktari wa watoto wa Marekani walisema wazi mwaka 2011 kwamba havifai kabisa kwa watoto wala vijana.

Kuna jambo jingine, na hili halitokani na kafeini. Chai ina tanini, ile inayoacha ukakasi mdomoni. Tanini hushika madini ya chuma yaliyo katika maharagwe, ndengu, wimbi na mboga za majani, mwili ukashindwa kuyatumia vizuri. Mtoto aliyepungukiwa na madini ya chuma hupata upungufu wa damu. Huwa mchovu, hachezi kama wenzake, na darasani hawezi kutulia akasikiliza. Unaona basi? Kile kikombe ulichompa ili achangamke ndicho kinachoweza kumnyang'anya cha kumchangamsha.

Mpe uji, maziwa yaliyochemshwa au maji safi pamoja na chakula. Tunda kama chungwa, embe au papai litamsaidia kupata hayo madini ya chuma. Na mtoto ambaye hajafikisha miezi sita hapewi chai kabisa, hata iwe nyepesi namna gani. Chakula chake ni maziwa ya mama peke yake.

MAMA MJAMZITO NA ANAYENYONYESHA

Ukiwa mjamzito, mwili wako huchelewa kuondoa kafeini. Mwishoni mwa ujauzito, zile saa tano huweza kufika 15. Na kafeini hupita hadi kwa mtoto tumboni, ambaye hana uwezo wa kuiondoa. Shirika la Afya Duniani hushauri kwamba mjamzito anayetumia zaidi ya miligramu 300 kwa siku apunguze, ili kupunguza hatari ya mimba kutoka au mtoto kuzaliwa na uzito mdogo. Wataalamu wengi hushauri kutopita 200. Kwa hivyo vikombe viwili au vitatu vya chai isiyokolea kwa siku vinatosha.

Tafadhali, zile tembe za kuongeza damu unazopewa kliniki usizimeze kwa chai. Meza kwa maji, kisha chai isubiri angalau saa moja, afadhali mbili. Fanya vivyo hivyo na mlo wako wenye mboga na maharagwe.

Ukinyonyesha, kiasi kidogo cha kafeini huingia katika maziwa. Mtoto mchanga huweza kuchukua siku tatu au zaidi kuondoa nusu yake tu. Kama mtoto wako halali, analia na kushtukashtuka, jaribu kupunguza chai na kahawa kwa wiki moja uone. Usiache kunyonyesha kwa sababu hiyo.

JINSI YA KUPUNGUZA

Aliyezoea vikombe sita akiacha ghafla, kesho yake huumwa kichwa, huwa mzito na mwenye hasira. Wanaofunga Ramadhani wanaijua hali hii katika siku za kwanza. Si ugonjwa. Ubongo umekosa mgeni wake, na kwa kawaida hali hiyo huisha kwa siku chache, huenda ikafika wiki moja. Ni vizuri kupunguza kikombe kimoja kila baada ya siku mbili tatu, na kupunguza majani sufuriani.

Mwenye shinikizo la damu, moyo unaoenda mbio, kiungulia au wasiwasi mwingi amwulize daktari au mhudumu wa afya kuhusu kiasi kinachomfaa. Na mtoto au kijana aliyekunywa vinywaji hivi kisha akaanza kutapika, kutetemeka sana, kuumwa kifua, kuzimia au kupata degedege, apelekwe hospitali mara moja. Beba na ile chupa, ili daktari aone alichokunywa.

MAMBO YA KUKUMBUKA

Kwanza, kafeini huficha uchovu, haiuondoi.

Pili, kikombe cha mwisho kiwe mchana, angalau saa sita kabla ya kulala.

Tatu, chai na chakula vitenganishwe kwa saa moja au mbili, hasa kwa mtoto na mjamzito.

Nne, vinywaji vya kuongeza nguvu si vya watoto wala wanafunzi.

Tano, mtahiniwa asome mapema, ale chakula cha jioni, na saa nne usiku azime taa.

Na wewe mama unayeamka wa kwanza na kulala wa mwisho, nawe una deni lako. Huenda si rahisi kulala saa nane. Lakini mtoto anapolala mchana, jinyooshe naye dakika ishirini. Vyombo vitasubiri. Mwombe baba au kaka mkubwa achote maji siku moja. Usingizi huo mfupi utakufaa kuliko kikombe cha tano.

Leo usiku, unapotaka kumwachia mwanao chupa ya chai mezani, mwekee bilauri ya maziwa au maji. Kisha mwambie, "Mwanangu, umesoma vya kutosha. Nenda kalale." Hapo utakuwa umemsaidia.