Usonji na Michezo ya Nje: Kinachohitajika si Saruji

Kamati zetu zinapopanga kuwahudumia watu wenye ulemavu, hesabu huanza na saruji: njia ya viti vya magurudumu, choo kipana. Ni kazi njema. Lakini watoto wengi wenye usonji hutembea na kukimbia bila shida. Kinachowazuia kucheza nje na wenzao ni kitu kingine.

Usonji ni tofauti katika ukuaji wa ubongo. Si laana, wala hauletwi na malezi mabaya. Wengi huumizwa na sauti tunazozizoea sisi, husumbuliwa na mabadiliko ya ghafla, na wengine hawazungumzi. Fikirini sikukuu ya watoto ufukweni Bukoba: vipaza sauti, honi za pikipiki, chakula kinachochelewa. Mtoto anaziba masikio na kulia, watu wanageuka kumtazama, na mama anaamua kutomleta tena. Katika baadhi ya nyumba, uamuzi huo huishia kwenye mlango uliofungwa kwa nje.

Ufukwe uleule, saa moja asubuhi, ni mahali pengine kabisa. Muleba nako kuna rweya, nyika za nyasi nje ya vibanja vya migomba, ambako mtoto huonekana kwa mbali. Siku moja kabla, aonyeshwe kwa picha za kuchora kitakachofuata, na ratiba hiyo isibadilishwe. Mvua ikija, msikimbilie ukumbi wa bati. Hapo ndipo penye kelele kuliko pote.

Ziwani kunahitaji tahadhari zaidi. Utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2012 ulionyesha kuwa karibu nusu ya watoto wenye usonji waliwahi kujaribu kutoroka baada ya kutimiza miaka 4, na wengi huvutiwa na maji. Kwa hiyo kila mtoto awe na msaidizi wake, asiye na kazi nyingine siku hiyo. (Kichocho nacho kipo, basi michezo iwe mchangani.)

Tanzania iliridhia mwaka 2009 mkataba wa Umoja wa Mataifa ambao ibara yake ya 30 inawapa watoto wenye ulemavu haki ya kucheza sawa na wenzao. Tunachoomba kwa wafadhili ni nauli, chakula cha wasaidizi na mafunzo ya siku moja, mambo yasiyo na jiwe la msingi la kupiga picha. Nazo kamati, kabla ya kuandika bajeti, ziwaulize wazazi ni sauti gani mtoto wao hawezi kuivumilia.