Kamera saba zilivyolikosa bao la Sheffield

JUNI 17, 2020, Ligi Kuu England ilirejea baada ya kusimama kwa sababu ya corona. Villa Park haikuwa na shabiki hata mmoja. Muda mfupi kabla ya mapumziko, Oliver Norwood wa Sheffield United akachonga frikiki. Kipa wa Aston Villa, Orjan Nyland, akaudaka mpira, akarudi nao kinyumenyume hadi ndani ya goli. Sheffield wakashangilia. Mwamuzi Michael Oliver akawaonyesha saa yake: kimya. Ngoma ikaisha 0-0.

Saa hiyo hutetemeka mpira wote ukivuka mstari. Inajuaje?

Video ni picha mgando zinazofuatana kwa kasi. Kwa kompyuta, kila picha ni nukta, na kila nukta ni namba ya mwanga. Njia rahisi ya kunasa mwendo ni kutoa namba za picha ya sasa kwenye zile za picha iliyotangulia. Palipo na nyasi tupu, jibu ni karibu na sifuri. Palipo na tofauti kubwa, kuna kitu kimesogea. Hata kijana mwenye laptop anaweza kujaribu kwa OpenCV, maktaba ya programu ya bure iliyoanzia Intel mwaka 1999.

Mtambo wa Hawk-Eye ni mkubwa zaidi ya hapo. Kila goli lina kamera saba zinazousaka mpira, kisha pembe zao zinaunganishwa kujua uko wapi hasa. Ila kompyuta inahesabu kile inachokiona tu. Siku ile kipa, beki na nguzo viliziba kamera zote saba. Hawk-Eye waliomba radhi, wakisema haijawahi kutokea katika mechi zaidi ya 9,000.

VAR walikuwa na ruhusa ya kuangalia marudio. Wakaiamini saa.

Msimu ulipoisha, Villa walibaki ligi kuu kwa pointi 35. Bournemouth wakashuka na 34. Ile pointi ya sare ikiondolewa na bao la Norwood likihesabiwa, Villa nao wana 34, na tofauti yao ya mabao inakuwa -27 dhidi ya -25 ya Bournemouth. Hapo wa kushuka ni Villa.

Waliolipa kwa ukimya wa saa ile hawakuwepo hata uwanjani.