Kitanda Usichokilalia: Ushahidi wa John Howard Griffin

Wahenga walinena kuwa kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. John Howard Griffin, Mzungu mzaliwa wa Texas, Marekani, aliamua kukilalia. Mwishoni mwa mwaka wa 1959 aliigeuza ngozi yake kuwa nyeusi kwa dawa, miale ya taa na rangi ya kupaka. Kisha alizuru majimbo ya Kusini, yakiwemo Louisiana, Mississippi na Alabama, ambako ubaguzi wa rangi ulikuwa umekita mizizi. Zao la safari hiyo ni kitabu Black Like Me, kilichochapishwa mwaka wa 1961.

Mtahiniwa asikiite riwaya. Hii ni shajara: matukio yamepangwa kwa tarehe, na 'mimi' anayesimulia ni mwandishi mwenyewe.

Nguvu ya ushahidi wake inatokana na jambo moja. Griffin hakubadilisha jina lake wala kuficha kazi yake. Kilichobadilika ni rangi tu. Hivyo basi, anaponyimwa huduma, msomaji hana kisingizio kingine. Katika basi la kuelekea Hattiesburg, dereva anawazuia abiria weusi kushuka kwenda msalani ilhali Wazungu wanashuka. Mjini Montgomery, Griffin anakuwa mweupe, kisha mweusi tena. Heshima ya Wazungu inakuja na kutoweka pamoja na rangi hiyo.

Alilipia ujasiri huu. Mnamo 1960 sanamu yake ilitundikwa hadharani mjini Mansfield, Texas, naye akahamia Mexico pamoja na familia yake.

Hata hivyo, mhakiki makini asiishie kwenye sifa. Kuna kinaya hapa. Dhiki anayoisimulia Griffin ilikuwa imekwisha kusimuliwa na Wamarekani weusi wenyewe, mathalani Richard Wright katika Black Boy (1945). Iweje mgeni wa majuma machache asadikiwe kuliko mwenye kitanda? Griffin alijua kuwa angeamka. Wenzake walizaliwa humo. Yeye mwenyewe alilitambua hili baadaye, akasisitiza kuwa watu weusi wajisemee.

Mwalimu anaweza kuwapa wanafunzi swali hili: 'Msimulizi wa nafsi ya kwanza ni shahidi wa kutegemewa daima.' Jadili. Atakayetaja nguvu ya ushahidi huo na mipaka yake pia ndiye atakayekuwa amehakiki. Atakayesifu tu atakuwa amesimulia.