Maradhi ya Hofu: Kutoka Lancashire hadi Athi River (Sehemu ya Tatu)

Podikasti ya Dan Taberski iitwayo Hysterical, ambayo kampuni ya Apple iliitangaza kuwa kipindi bora cha mwaka 2024, imefufua mjadala ambao tumekuwa nao katika safu hii. Inachunguza kisa cha Le Roy, mji mdogo wa jimbo la New York, ambako mwaka 2011 wasichana wa shule ya upili walianza kutikisika na kutoa sauti bila kukusudia. Wazazi walishuku visima vya gesi, wakashuku kemikali zilizomwagika katika ajali ya treni ya 1970. Madaktari wa neva wakasema chanzo ni dhiki ya nafsi. Ninaithamini kazi hiyo kwa kuwa inawapa wagonjwa wenyewe nafasi ya kusema. Lakini kisa ninachokirejea kila mara kilitokea kiwandani, zaidi ya miaka 200 kabla ya Le Roy.

Februari 15, 1787, katika kiwanda cha pamba cha Hodden Bridge, Lancashire, msichana mmoja alimtia panya kifuani mwenzake aliyewaogopa sana panya. Mwenzake akaanguka, akafurukuta kwa muda wa saa 24. Kesho yake wakaanguka watatu, siku iliyofuata sita. Uvumi ukaenea kwamba robota la pamba limeleta tauni, na kazi yote ikasimama. Daktari St Clare akaitwa kutoka Preston. Hadi tarehe 19 wagonjwa walikuwa 24, wote wanawake na wasichana isipokuwa mwanamume mmoja aliyechoka kwa kuwashika waliokuwa wakifurukuta. Watatu waliishi maili mbili kutoka pale, na wengine watatu walifanya kazi kiwanda cha Clitheroe, maili tano mbali. Hao wa Clitheroe, habari tu iliwatosha.

Daktari alikuja na mashine ya umeme, akawapiga shoti, wote wakapata nafuu. Mimi sisadiki kwamba umeme ndio uliowaponya. Mara tu watu walipohakikishiwa na mtu waliyemwamini kwamba pamba haina tauni, hakuanguka mwingine. Tarehe 20 walikunywa kidogo wakacheza dansi, na kesho yake karibu wote walikuwa kazini. Miongoni mwa waliougua walikuwamo wasichana wawili wa miaka kumi hivi. Taarifa ya wakati ule inasifu tiba, wala haiulizi watoto hao walitafuta nini kwenye mashine za pamba. Swali hilo lilistahili kuulizwa kabla ya lile la tauni.

Kisa cha kicheko cha 1962 katika shule ya wasichana ya Kashasha, Tanganyika, tumekwisha kukieleza. Naongeza hili tu: wanafunzi 95 kati ya 159 walishikwa na kicheko, ilhali walimu, waliokuwa nao kila siku, hakushikwa hata mmoja. Anayeshikwa ni yule asiye na pa kulalamikia.

Sasa tutazame kwetu Kenya. Ukanda wa EPZ (eneo la viwanda vya bidhaa za kuuza nje) wa Athi River, uliotokana na sheria ya 1990, umejaa mashine za kushona nguo za soko la Marekani, na wengi wanaozikalia ni wanawake: lengo la kila saa, supervisa mgongoni, kodi ya chumba Mlolongo au Kitengela. Siku wakianguka kumi pamoja, tutawaitaje? Wasichana wa shule ya Eregi, Kakamega, Oktoba 2023, video zao zilisambazwa mitandaoni wakiwa hawawezi kutembea sawasawa, na wapo waliowaita waigizaji. Huo ni ukatili. Miguu ile ilikuwa imekataa kweli.

Liko kosa kubwa zaidi, nalo ni kuita hofu kile ambacho ni sumu. Owino Uhuru, Mombasa, kiwanda kilichokuwa na jina la EPZ kiliyeyusha betri kuukuu, madini ya risasi yakaingia katika damu ya watoto. Kilifungwa 2014 baada ya malalamiko ya miaka, na Desemba 2024 Mahakama ya Juu ikarejesha fidia ya shilingi bilioni 1.3 waliyopewa wakazi mwaka 2020. Hofu haionekani kwenye kipimo cha damu; risasi huonekana.

Kwa hiyo, wafanyakazi wakianguka, kipimo kwanza. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya 2007 inataka kamati ya usalama popote penye wafanyakazi 20 au zaidi, na inamkataza mwajiri kumrudisha mtu kwenye hatari aliyoiripoti kabla haijaondolewa. Mashine zizimwe, hewa na maji vipimwe, majibu yasomwe kwa Kiswahili mbele ya wafanyakazi wenyewe. Vipimo visipoonyesha kitu, yakaguliwe malengo, joto na saa za kazi.

Sehemu ya nne itahusu Malaysia, ambako mwaka 1978 wafanyakazi wapatao 120 wa kiwanda cha elektroniki, kazi yao kuchungulia hadubini, walipagawa, na kiwanda kikafungwa siku tatu.